Mbao Laini, Mafuta na Matambara



Kila kiangazi kinapoingia hapa Uingereza, familia zetu hutoka bustanini na kukuta ua umegeuka rangi ya kijivu, benchi limefanya ukungu wa kijani, na mbao za banda zimeanza kupasuka. Sisi tuliokulia pwani tumezoea milango ya mvule na boriti za mikoko, miti inayostahimili miaka mingi. Mbao zinazouzwa huku kwa kazi za nje aghalabu ni za msonobari na jamaa zake: nyepesi, za bei nafuu, na zenye kiu kubwa ya maji.

Adui wa mbao ni maji yanayotuama ndani yake. Kuvu wanaoozesha mbao hawastawi iwapo unyevu wake uko chini ya asilimia 20 hivi. Mabaharia wetu hawakuhitaji takwimu kulijua hilo; walivipaka vyombo vyao sifa, yaani mafuta ya papa, na chini wakavitia deheni ya shahamu na chokaa. Huku tunatumia zaidi mafuta ya kitani. Mafuta haya hayakauki kama maji. Huvuta oksijeni kutoka hewani na kuganda ndani ya mbao. Yaliyo mabichi huchukua siku nyingi kukauka, ilhali yale yaitwayo "yaliyochemshwa" huwa yametiwa madini ya kuharakisha.

Kazi yenyewe ni nyepesi. Sugua ukungu kwa brashi ngumu na maji ya sabuni, kisha subiri siku kadhaa za jua mbao zikauke barabara. Pitisha msasa. Paka mkono mwembamba ukifuata nyuzi za mti, na uzidishe kwenye ncha zilizokatwa, kwani huko ndiko maji huingilia kwa wingi. Baada ya dakika 20 hivi, futa yote yaliyobaki juu. Yakiachwa hunata na kushika vumbi. Mkono wa pili ungoje wa kwanza ukauke, na kila mwaka kazi ikaguliwe upya.

Tusiyatarajie mafuta yafanye yasiyoyaweza. Hayafufui mbao iliyokwisha oza, wala hayaui kuvu. Mafuta ya kitani yasiyotiwa dawa huweza hata kuulisha ukungu. Yasiyo na rangi hayazuii jua kuichakaza mbao.

Sasa tufike kwenye jambo lililotufanya tushike kalamu. Mafuta ya kitani yanapovuta oksijeni hutoa joto. Juu ya ubao joto hilo hupotea hewani, lakini ndani ya tambara lililokunjwa hujilimbikiza, hata tambara likawaka lenyewe pasipo kiberiti. Tarehe 23 Februari 1991, mjini Philadelphia, Marekani, matambara ya namna hiyo yaliwasha moto katika jengo la One Meridian Plaza lenye ghorofa 38. Moto uliwaka zaidi ya saa 18, na wazimamoto watatu walifariki.

Basi matambara yasitupwe katika pipa la jikoni wala kurundikwa bandani. Yatandazwe moja moja nje, mbali na nyumba na mikono ya watoto, mpaka yakakamae kabisa; au yaloweshwe katika kopo la chuma lenye maji na kufunikwa.

Jambo la mwisho: mbao kuukuu za ua zisichomewe mishikaki. Mbao nyingi za nje zilizouzwa kabla ya mwaka 2004 zilitiwa dawa yenye arseniki, sumu ambayo hubaki katika majivu na kupaa na moshi. Zipelekwe kwenye jaa la halmashauri.

Wazee walisema usipoziba ufa utajenga ukuta. Tuuzibe, lakini tukimaliza kupaka, tusiingie ndani kunywa chai kabla ya kuyatandaza matambara.