Ruhusa ya kujenga si hati ya kiwanja

Katika parokia zetu za Ibanda, Kadutu na Bagira, ugomvi unaoletwa mbele ya wazee wa kanisa si wa ndoa peke yake. Mara nyingi ni wa ukuta. Ndugu mmoja anajenga juu ya mteremko. Jirani yake wa chini anaona udongo unashuka hadi mlangoni kwake, na maji ya mvua yanaingia jikoni. Akilalamika, yule wa juu anatoa karatasi na kusema: «Miye niko na ruhusa ya serikali.» Tangu siku hiyo hawasalimiani tena, hata kama wanaimba katika kwaya moja.

Karatasi ile ina nguvu gani?

Sheria ya mipango ya miji katika Kongo ni ya zamani: dekreti ya tarehe 20 Juni 1957. Tarehe 26 Juni 2013 waziri mwenye kazi hiyo alitia sahihi arete inayopanga namna ya kutoa ruhusa ya kujenga. Mwenye kujenga anapeleka mchoro wa nyumba pamoja na karatasi za kiwanja chake, na watu wa Urbanisme wanapaswa kuchunguza kabla ya msingi kuchimbwa. Wanaangalia kama nyumba ile inafaa mahali pale. Hawakati shauri la mpaka kati ya majirani wawili. Ruhusa haimpi mtu hata hatua moja ya ardhi ya mwenzake, wala haimwondolei deni la hasara aliyoileta. Hapo ndipo wengi wanapopotea.

Haki ya kiwanja inatoka penginepo. Kwa sheria ya tarehe 20 Julai 1973, ardhi yote ni mali ya Serikali. Mtu anapewa haki ya kuitumia, na kinachothibitisha haki hiyo ni hati ya usajili. Tuseme ukweli: wengi wetu hatuna hati hiyo. Tuna karatasi ya mauzo iliyoandikwa mbele ya shefu wa avenyu na mashahidi wawili, au fishi ya komini iliyoachwa na babu. Zitunzeni, ni ushahidi. Lakini mbele ya hakimu ni vigumu zishinde hati ya usajili ya mtu mwingine.

Kwa hiyo, kabla ya kulipa avoka, jiulize unalalamikia nini hasa. Ikiwa ni mpaka, mwiteni mpimaji wa Kadastre aangalie borni nanyi wote wawili mkiwapo. Kesi ya ardhi ya kimila inaanzia tribinali ya amani. Kiwanja chenye hati ya usajili kinapelekwa tribinali kubwa. Ikiwa ni hasara, kama ukuta uliopasuka au maji yaliyogeuzwa njia, shikeni kifungu cha 258 cha kitabu cha tatu cha sheria za raia: anayemletea mwingine hasara kwa kosa lake lazima ailipe. Kifungu hicho hakijali kama mjenzi alikuwa na ruhusa. Na ikiwa unasema ruhusa yenyewe ilitolewa vibaya, andika kwanza kwa mkubwa aliyeitia sahihi, uombe aiondoe. Akikataa au akinyamaza, njia iko kwa mahakimu wa mambo ya utawala, wanaofuata sheria ya tarehe 15 Oktoba 2016. Usikawie, kwa sababu siku za kulalamika zinahesabiwa. Kuta nazo hazingoji: nyumba ikiisha kuezekwa, ni nani atakayeibomoa?

Kwetu Bukavu jambo hili si la heshima tu. Huko Funu, udongo wa mlima umekuwa ukisogea polepole kwa miaka mingi, na wataalamu wanaupima hata kwa satelaiti. Anayekata mteremko bila ukuta wa kushikilia udongo anaweza kuiangusha nyumba ya jirani usiku mmoja wa mvua, watoto wakiwa wamelala. Musa alijua jambo la namna hii. Katika Kumbukumbu la Torati 22:8 mwenye nyumba mpya anaagizwa kuweka ukingo juu ya dari, mtu asije akaanguka na damu yake ikawa juu ya nyumba ile. Tunasoma hapo kwamba mjenzi anaulizwa pia juu ya usalama wa wengine.

Wengine wanatutajia 1 Wakorintho 6 na kusema mkristo asimshitaki ndugu yake. Paulo anauliza kama hakuna mwenye hekima kanisani awezaye kuamua. Basi wazee wakae, lakini wakae vizuri: waende mahali penyewe mvua ikinyesha, wamwite fundi asiye wa upande wowote, na mapatano yaandikwe: nani atajenga mfereji, kwa gharama ya nani, kabla ya tarehe gani. Wote watie sahihi, kila mmoja abaki na nakala. Mapatano ya mdomo tumeyaona yakifa kabla ya mvua ya mwezi wa kumi na moja. Na mzee aliye ndugu wa damu wa mmoja wao aondoke katika shauri hilo.

Mara nyingine mjenzi asiye na ruhusa ni parokia yenyewe, iliyopanua hekalu hadi kwenye ukuta wa mama mjane. Yeye naye ana haki ileile ya kuandika, na asiambiwe kwamba anampinga Mungu.