Hai Qing: Kutoka Doudou hadi Filamu ya Wakulima wa Gansu

Watazamaji wa Tanzania walimfahamu mwigizaji wa Kichina Hai Qing mwaka 2011, pale kituo cha taifa cha TBC kilipoonyesha tamthilia ya "Doudou na Mama Wakwe Zake" ikiwa imetiwa sauti za Kiswahili, yaani mazungumzo ya waigizaji wa Kichina yakisomwa upya na wasemaji wa Kiswahili. Humo aliigiza kama Mao Doudou, muuguzi anayelazimika kuwaridhisha mama wakwe wawili kwa sababu wazazi wa mumewe wameachana. Mgogoro huo haukuhitaji maelezo kwa familia za Dar es Salaam.

Nchini China, mzaliwa huyo wa Nanjing aliyesoma katika Chuo cha Filamu cha Beijing aliitwa "mkwe wa taifa", sifa iliyomkuza lakini pia iliyombana, kwani wanawake waliofika umri wa makamo hupewa nafasi chache za maana. Mwaka 2019, katika tamasha la filamu la FIRST mjini Xining, aliwaomba waongozaji hadharani wawakumbuke waigizaji wa rika lake, na ombi hilo lilikuwa la haki.

Kazi yake bora, bila shaka, ni filamu ya "Return to Dust" ya mwongozaji Li Ruijun, iliyoshindania tuzo kuu katika tamasha la filamu la Berlin mwaka 2022. Akiigiza pamoja na Wu Renlin, mkulima halisi wa mkoa wa Gansu, aliubeba uhusika wa mwanamke mgonjwa aliyeozwa kwa mwanamume maskini kwa utulivu wa kustaajabisha. Septemba mwaka huohuo, filamu hiyo iliondolewa kwenye majukwaa ya intaneti ya China.