Mwalimu wa Vita Asiyepigana Vita

Mwaka 1960 kijana mmoja anayechechemea aliingia chuo cha kijeshi cha Sandhurst, Uingereza, kufundisha historia. Hicho ndicho chuo alichosoma Mrisho Sarakikya, Mkuu wa Majeshi wa kwanza wa Tanzania. Wanafunzi walikuwa vijana wakakamavu waliokuwa wakiandaliwa kuwa maofisa. Mwalimu wao, John Keegan, hakuwa amewahi kuwa askari hata siku moja.

Alizaliwa London mwaka 1934. Vita Kuu ya Pili ilipozuka familia yake ilihamia Somerset, na huko mtoto huyo akawa anawakodolea macho askari wa Kimarekani waliofurika wakisubiri kuvuka kwenda Ufaransa. Alipofika miaka 13, kifua kikuu kilimshika nyonga. Alilazwa kwa miaka, akajifunza Kilatini na Kigiriki akiwa kitandani. Alitoka na kilema cha mguu, na jeshini hakuwa na nafasi tena.

Kilema hicho, kwa maoni yangu, ndicho kilichomfanya aulize lile ambalo wenye uzoefu hawakuliuliza. Vitabu vingi vya vita vilisimulia majenerali na ramani zao. Askari wa kawaida alitajwa kwa idadi tu: wangapi walikwenda, wangapi walikufa. Keegan alitaka kujua mtu huyo aliona nini katikati ya moshi, alikuwa amekula nini asubuhi ile, nani alimbeba alipojeruhiwa na, zaidi ya yote, kwa nini hakukimbia.

Majibu yake yalitoka mwaka 1976 katika The Face of Battle, kitabu ambacho mwandishi anakianza kwa kukiri kwamba hajawahi kuwa vitani. Alichambua mapigano matatu: Agincourt ya 1415, Waterloo ya 1815 na Somme ya 1916. Huko Waterloo tunakutana na watu waliolala kwenye matope, mvua ikiwanyeshea usiku kucha, kabla ya kupigana. Huko Somme, karibu Waingereza 20,000 walikufa siku ya kwanza pekee.

Si kila alichoandika kilisimama imara. Mwaka 1993 alimshambulia Clausewitz, mwananadharia wa vita wa Prussia, na wataalamu wakamjibu kwamba hakumwelewa.

Aliondoka Sandhurst mwaka 1986 akawa mwandishi wa masuala ya ulinzi wa gazeti la Daily Telegraph. Alifariki mwaka 2012 akiwa na miaka 78. Msomaji anayetaka kumfahamu na aanze na ile sura ya Somme, aisome taratibu.