Mtoto Hakupona Jumapili Ile

"Daktari, hiki ni kifafa cha hospitali au cha kuombewa?" Nimeulizwa Dongobesh, nimeulizwa Katesh, na wiki hii nimeulizwa tena na baba aliyembeba binti mwenye majeraha ya moto. Kifafa cha namna mbili hakipo. Kuna ubongo ambao umeme wake huvurugika ghafla, basi.

Andiko nalijua: kijana mwenye pepo wa Marko sura ya 9, aliyeangushwa motoni na majini. Sina ugomvi na maombi, naomba mwenyewe. Hospitali ya Haydom ni ya Kanisa la Kilutheri, na tangu 1955 sala na vidonge vimekaa humo pamoja. Ugomvi wangu ni na agizo moja: "Acha dawa uonyeshe imani."

Tazameni linavyodanganya. Mtoto anameza fenobabitoni kila usiku. Jumamosi anaombewa, vidonge vinatupwa. Jumapili haanguki, Jumatatu haanguki, na mama anasimama kushuhudia. Lakini fenobabitoni haitoki mwilini kwa siku moja. Hupungua polepole, siku baada ya siku. Kilichomlinda ni dawa ile ile iliyotupwa. Ikiisha, kifafa kinaweza kurudi kwa ukali, mtoto aanguke mfululizo bila kuzinduka, na hapo ndipo watoto hufa. Ushuhuda umeshatolewa, hakuna anayerudi madhabahuni kuufuta. Anayebaki na lawama ni mama: imani yake ilikuwa haba! Hili siwezi kulizoea.

Mnaotafuta pepo, angalieni nguruwe wanaozurura. Utafiti katika vijiji 21 vya Mbulu ulikuta takriban nguruwe 17 kati ya kila 100 walikuwa na lava wa tegu ulimini. Mayai ya tegu huyo, yatokayo kwenye kinyesi cha mtu, yakimezwa na mtoto huweza kuishia ubongoni na kuleta kifafa. Chimbeni vyoo, fungieni nguruwe, nawisheni watoto mikono.

Akianguka, mwondoe motoni, mlaze ubavu, usimtie kijiko kinywani. Povu haliambukizi, mshike. Zikipita dakika 5, hospitali. Ana homa? Hospitali siku hiyo hiyo, huenda ni malaria ya kichwani. Dawa hupunguzwa na tabibu, taratibu, mara nyingi baada ya miaka 2 bila kuanguka. Matibabu ni haki yake kwa Sheria ya Mtoto ya 2009. Na mchungaji anayetaka kumwombea aje wodini, amwekee mikono, kisha amkumbushe mama kidonge cha jioni.