Baba Mzima, Mama Mzima, Mtoto Mgonjwa

Sogeeni karibu, wajukuu zangu, na huyo aliyekaa nyuma aje mbele, maana habari ya leo inataka utulivu.

Mtoto amezaliwa katika nyumba fulani. Ananyonya vizuri, analala vizuri, majirani wanakuja kumwona na kila mmoja ana lake: pua kachukua kwa baba, paji la uso kwa bibi mzaa mama. Miezi mitano inapita, sita inapita. Halafu vidole vya mikono vinavimba. Mtoto analia kila akiguswa, macho yanaingia umanjano. Hospitali wanapima damu na kusema ni selimundu. Baba hajawahi kuugua ugonjwa huo maishani mwake, mama naye hajawahi. Hapo ndipo maneno yanapoanza. Huyu anasema mtoto kapatwa na kijicho, yule anasema karogwa, na upande wa mume wanamtazama mama kana kwamba maradhi ameyaleta yeye kutoka kwao.

Wapo wanawake walioachwa kwa maneno hayo, na hawakuwa na kosa lolote. Ndiyo maana nataka mjue kilichotokea hasa. Lakini kwanza twendeni mbali kidogo, kwenye bustani ya watawa.

Katika mji wa Brno, ambao leo uko nchini Cheki, aliishi mtawa aliyeitwa Gregor Mendel, mtoto wa mkulima, aliyezaliwa mwaka 1822. Kuanzia mwaka 1856 hadi 1863 alipanda njegere, si kwa ajili ya mboga bali kwa ajili ya swali: mzazi humpa mtoto nini? Alichagua njegere za aina mbili, moja yenye mbegu za mviringo, nyororo, nyingine yenye mbegu zilizokunjamana. Akachukua chavua ya aina moja na kuipaka kwenye maua ya aina ya pili, kwa mkono wake, ua baada ya ua.

Watu wengi wa zama zake waliamini kwamba tabia za wazazi huchanganyika kwa watoto. Kama ingekuwa hivyo, mbegu zingetoka na mikunjo kidogo. Wapi! Zilitoka nyororo tupu. Mikunjo haikuonekana hata kwenye mbegu moja.

Mwingine angeishia hapo na kusema mikunjo imekufa. Mendel alizipanda tena hizo nyororo, akaiacha mimea ijichavushe yenyewe, kisha akakaa kuhesabu mbegu zilizopatikana. Nyororo zilikuwa 5,474. Zilizokunjamana zilikuwa 1,850. Mikunjo imerudi, tena kwa kiasi cha karibu mbegu moja katika kila nne. Mimi humpenda mtu huyu kwa sababu ya kule kuhesabu. Wakulima tangu kale walijua kwamba tabia ya babu huweza kumruka baba ikatokea kwa mjukuu, lakini yeye ndiye aliyekuwa na subira ya kuuliza ni mara ngapi, na jibu la swali hilo ndilo lililofungua mlango.

Maelezo yake yalikuwa haya. Kila mmea una maagizo mawili kuhusu umbo la mbegu, moja kutoka kwa kila mzazi. Agizo la unyororo likikutana na la mikunjo, hulifunika, lakini halilifuti. Na mmea unapozaa, hutoa agizo moja tu kati ya yale mawili, likiwa zima, halijachanganyika na chochote. Alisoma ripoti yake mbele ya wenzake mwaka 1865, ikachapishwa mwaka 1866, na wachache mno waliitilia maanani. Alifariki mwaka 1884. Mwaka 1900 ndipo wataalamu wengine wa mimea, walipopata matokeo yanayofanana na yake, walipoyafukua maandishi yale.

Sasa turudi kwetu sisi watu. Karibu kila seli ya mwili wako ina kromosomu 46, zilizopangika jozi 23. Yai la mama hubeba 23 tu, mbegu ya baba hubeba 23 tu, vikikutana ndipo hesabu inatimia. Juu ya kromosomu hizo kuna jeni, yaani yale maagizo, zipatazo 20,000 zinazoelekeza mwili utengeneze protini zake. Msidhani kila kitu kinakwenda kwa hesabu ya njegere. Rangi ya ngozi na kimo huamuliwa na jeni nyingi kwa pamoja, na kimo hutegemea pia mtoto alikula nini. Wala kovu la mama halimfikii mtoto, hata sikio lililotobolewa halimfikii, kwa kuwa mambo hayo hayakuandikwa kwenye jeni.

Lakini kwenye kromosomu ya 11 kuna jeni moja inayoifuata hesabu ya Mendel kwa uaminifu wa kutisha. Hiyo ndiyo inayoelekeza utengenezaji wa sehemu ya hemoglobini, kitu chekundu ndani ya damu kinachobeba oksijeni. Jeni huandikwa kwa herufi nne za kemikali, ambazo wanasayansi huziita A, T, C na G. Katika selimundu, herufi moja imebadilika, A imekuwa T. Ni hiyo moja tu. Kwa ajili yake, kiungo cha sita katika mnyororo wa viungo 146 hubadilika, na hemoglobini ikishaachia oksijeni hunatana yenyewe kwa yenyewe na kuwa nyuzi ngumu. Seli ya damu iliyokuwa duara laini hupinda, ikachukua umbo la mundu. Hukwama kwenye mishipa midogo, na penye kukwama pana maumivu ambayo hata mtu mzima hulia. Seli nyekundu ya kawaida huishi siku 120 hivi. Hii huishi kati ya siku 10 na 20, ndiyo maana mgonjwa hupungukiwa damu na macho yake huwa ya manjano.

Na kwa nini mtoto wetu alikuwa mzima miezi ile ya mwanzo? Kwa sababu akiwa tumboni mtoto hutumia hemoglobini nyingine, ya kichanga, ambayo badala ya sehemu ile ina sehemu inayotengenezwa kwa jeni nyingine. Akishazaliwa, hiyo hupungua polepole na ile ya ukubwani huchukua nafasi. Kwa hiyo hapakuwa na jirani aliyepita na kijicho mwezi wa sita. Jambo lilikuwepo tangu siku yai la mama na mbegu ya baba vilipokutana. Lilikuwa halijapata nafasi ya kuonekana.

Ili mwone wazazi wazima walivyompata mtoto mgonjwa, chukueni mifuko miwili, mmoja wa mama, mmoja wa baba. Tieni katika kila mfuko harage moja jeupe na moja jekundu. Jeupe ni jeni ya kawaida, inayoitwa A (si ile herufi A ya kemikali), na jekundu ni ya selimundu, inayoitwa S. Bila kuchungulia, choteni harage moja kutoka kila mfuko. Hayo mawili ndiyo mtoto. Andikeni mlichopata, rudisheni kila harage mfukoni mwake, choteni tena, mpaka mara mia. Mtaona karibu robo ni meupe mawili, karibu nusu ni jeupe na jekundu, na karibu robo ni mekundu mawili. Mwenye jeupe na jekundu ni mzima, sawa na wazazi wake. Mwenye mekundu mawili ndiye anayeugua. Tazameni vizuri mkono wenu: jekundu moja limetoka kwenye mfuko wa mama, na la pili limetoka wapi?

Mifuko haikumbuki. Wako wazazi wanaoambiwa “mmoja kati ya wanne” wakadhani, akishapatikana mgonjwa mmoja, watatu wanaofuata wamesalimika. Sivyo. Kila mimba ni kuchota upya.

Hapa mtoto mwenye akili ataniuliza: Babu, kama wenye S mbili zamani walikufa wadogo kabla ya kuzaa, mbona jeni hii haikuisha? Swali hilo alilijibu kijana aliyekulia Kenya, Anthony Allison. Alizaliwa Afrika Kusini mwaka 1925, akalelewa shambani Gilgil, katika Bonde la Ufa. Mwaka 1949, akiwa anasomea udaktari Oxford, alirudi Kenya na msafara wa kwenda Mlima Kenya, akapima damu za watu wa sehemu mbalimbali. Pwani na kandokando ya Ziwa Victoria aliwakuta wengi wenye S moja. Kwenye nyanda za juu zenye baridi aliwakuta wachache mno. Allison aliijua nchi hii. Alijua mbu wako wapi na hawako wapi, na akaona kwamba penye malaria nyingi ndipo penye S nyingi. Alirudi Afrika Mashariki kuchunguza damu za watoto, na mwaka 1954 akachapisha matokeo: watoto wenye S moja walikuwa na vimelea vya malaria kwa uchache kuliko wenzao.

Fikirieni maana yake. Mtoto mwenye A mbili aliweza kuuawa na malaria kali. Mwenye S mbili aliuawa na selimundu. Mwenye moja na moja ndiye aliyekuwa na nafasi nzuri zaidi ya kukua, kuoa au kuolewa, na kuzaa. Jeni ile ile inayomliza mtoto wa leo iliwavusha babu na bibi zake. Imekuwa hivyo pia Uarabuni na India, kulikokuwa na malaria, na watu waliouzwa utumwani waliibeba damuni mwao hadi Amerika. Lakini mwenye S moja asiache chandarua, maana kuugua malaria anaugua. S humpunguzia hatari ya ile kali.

Siku hizi mtoto akichomwa kisigino baada tu ya kuzaliwa, tone la damu linatosha kumjulisha daktari. Akijulikana mapema hupewa dawa za kumkinga na maambukizi, chanjo, na baadaye haidroksiyurea, dawa inayouamsha mwili utengeneze tena ile hemoglobini ya kichanga. Mwaka 2023 Uingereza na Marekani ziliruhusu tiba nyingine: seli mama za damu ya mgonjwa hutolewa, jeni zake huhaririwa ili hemoglobini ya kichanga irudi kwa wingi, kisha hurudishwa mwilini. Bei yake Marekani inazidi dola 2,000,000, na inaniuma kuitaja, kwani wagonjwa wengi wako Afrika.

Hata hivyo tiba hiyo hugusa seli za damu tu. Mayai ya msichana aliyetibiwa hayabadiliki: kila moja lina S, na kila mtoto atakayemzaa atapata S moja kutoka kwake. Akiolewa na mwenye A mbili, watoto wote watakuwa wazima wenye S moja. Akiolewa na mwenye S moja, kila mimba itakuwa nusu kwa nusu, na katika hiyo nusu ya ugonjwa S ya pili itakuwa imetoka kwa baba.