Binti akirudi usiku, atapiga hodi kwa nani?

Mzazi mwenzangu, kama una kijana aliyesoma Kiswahili kidato cha tano na sita, huenda umewahi kukiona kitabu cha Vuta N'kuvute nyumbani kwako. Riwaya hiyo ya Shafi Adam Shafi ilitoka mwaka 1999. Mwaka 2021 Amil Shivji aliifanya filamu, ikaoneshwa hadi tamasha la Toronto, Canada.

Kisa ni cha Unguja, miaka ya mwisho ya utawala wa Mwingereza. Katika riwaya, Yasmin, binti wa Kihindi wa miaka 15, anaozwa kwa Bwana Raza, mwenye miaka 52. Kwa wakubwa wake huo ni wajibu uliotimizwa: mume ana mali, heshima ya nyumba imelindwa. Binti mwenyewe hakuulizwa. Anapelekwa Mombasa, ndoa inamshinda, anavuka bahari kurudi kwao.

Jamaa zake wanamkataa. Anayempokea ni Mwajuma wa Ng'ambo, mwanamke wa hali ya chini, asiye ndugu yake. Huko ndiko Yasmin anakoanza kujiamulia maisha yake.

Yasmin alimpata Mwajuma. Lakini fikiria hapa Tunduma, malori yakiwa yamepanga foleni na Nakonde ikiwa hatua chache tu. Binti akifukuzwa nyumbani saa tatu usiku kwa sababu ya mimba, au akikimbia ndoa iliyomshinda, ni nani atakayekuwa wa kwanza kumwita?

Oktoba 2019 Mahakama ya Rufani ilikubaliana na Mahakama Kuu kwamba vifungu vya Sheria ya Ndoa ya 1971 vinavyoruhusu msichana kuolewa kabla ya miaka 18 vinakwenda kinyume na Katiba. Hilo ni jambo kubwa. Hata hivyo, anayerudi nyumbani hafunguliwi na mahakama. Anafunguliwa na mimi na wewe.

Wiki hii, mkimaliza kula, msimulie mwanao kisa cha Yasmin. Kisha muulize: "Ukipatwa na jambo zito, utakwenda kwa nani?" Usimkatize. Akimtaja shangazi, mwalimu au jirani, usikasirike. Mtafute mtu huyo umshukuru. Asipokutaja wewe, muulize kwa upole sababu. Halafu mwambie wazi, kabla hajalala, kwamba hata akikosea vipi, akipiga hodi utamfungulia.