Butembo na Beni: kadi ya mwandishi haijazi chungu

Katika miji ya Butembo na Beni, watu husikiliza redio kwanza wakitaka kujua kama barabara ya Kasindi iko salama. Lakini wengi wanaoleta habari hizo wanatumika bila kontra wala mshahara wa kila mwezi. Wanaishi kwa kupaje, ile pesa ya usafiri inayotolewa na mwenye kuwaalika kwenye mkutano. Hapo mwenye pesa anasikika, mkulima aliyekimbia shamba lake anangoja.

Chama cha UNPC kinatoa kadi ya mwandishi wa habari. Kudai mshahara ni kazi ya sendika, na kifungu cha 38 cha Katiba ya 2006 kinampa kila Mkongomani haki ya kuunda sendika ao kuiingia. Sheria ya kazi ya tarehe 16 Oktoba 2002 inataka kontra iandikwe. Ikikosekana, mtumishi anaweza kuthibitisha kazi yake kwa njia nyingine. Ratiba ya vipindi, sauti zilizorekodiwa na ujumbe wa mkubwa wa redio vinafaa kuhifadhiwa.

Nchini Kenya, tarehe 1 Mei 2023, watumishi zaidi ya 150 wanaochuja maneno na picha mbaya za Facebook, TikTok na ChatGPT walikutana Nairobi, wakapiga kura kuunda sendika yao. Wengi waliajiriwa kupitia makampuni ya kati.

Butembo na Beni, waandishi wa redio mbili ao tatu wanaweza kuanza vilevile: kukaa pamoja, kila mmoja na makaratasi yake.